Kwa nini katuni yangu inatetemeka? Majibu kutoka kwa wachora vibonzo wa magazeti, 1908 hadi 1919

Swali limetoka kwa msomaji anayechora vibonzo vya gazeti. Aliangalia filamu ya katuni Gertie the Dinosaur ya Winsor McCay, naye akachora mtu akitembea katika karatasi 60 za A4, kisha akapiga picha kila karatasi kwa simu. Alipozicheza mfululizo, picha nzima ilitetemeka, mtu alionekana anateleza badala ya kutembea, na yote yakaisha kabla hajakaa sawa kwenye kiti. Anauliza wale wa zamani walifanyaje bila kompyuta, na kama mtu mmoja anaweza kutengeneza filamu ya dakika moja kwa karatasi na wino tu.

Ndugu, inawezekana kabisa. Kasoro tatu ulizozitaja ndizo zilizowasumbua wao pia, na kila moja ina dawa yake inayojulikana. Kuchora unajua tayari. Kilichowaumiza vichwa McCay, Émile Cohl, John Randolph Bray, Raoul Barré na wenzao, ambao wote walitoka kwenye vibonzo na michoro ya magazeti, kilikuwa namna ya kuifanya karatasi ya pili ikae pale pale ilipokaa ya kwanza, na namna ya kukwepa kuchora upya kitu ambacho hakijasogea. Karibu kila kifaa walichobuni katika miaka ile kumi kilijibu mojawapo ya mambo hayo mawili.

Tuanze na hesabu, maana ndiyo iliyokula filamu yako. Mkanda wa filamu wa milimita 35 una fremu 16, yaani picha moja moja, katika kila futi. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, na mwendo uliozoeleka ulikuwa fremu 16 hivi kwa sekunde, kwa hiyo futi moja ya mkanda ni sekunde moja na dakika moja ni fremu 960. Karatasi zako 60, kila moja ikionekana katika fremu moja tu, zinadumu chini ya sekunde nne kwa mwendo huo. Programu nyingi za simu hucheza fremu 24 au 30 kwa sekunde, na kwa fremu 30 ulipata sekunde mbili. Hukukosea kuchora, ulikuwa na michoro ya sekunde mbili.

Cohl alilitatua hilo mapema. Alikuwa mchora vikaragosi wa magazeti ya Paris, mwanafunzi wa André Gill, na Fantasmagorie yake ilionyeshwa mara ya kwanza Paris tarehe 17 Agosti 1908. Alichora michoro 700 hivi na kuipiga kila mmoja mara mbili. Piga hesabu: fremu 1,400 zinatoa sekunde 87. Maana yake alitumia michoro 8 kwa sekunde, na jicho la mtazamaji likaikubali. McCay alikwenda njia ngumu zaidi. Kwa Little Nemo ya 1911 alichora michoro 4,000 hivi peke yake, na msaidizi wake John Fitzsimmons alieleza baadaye kwamba McCay alikuwa akipanga michoro 16 kwa kila sekunde, saa ikiwa mkononi. Ndiyo maana mwendo wake ni laini kuliko wa mtu yeyote wa wakati wake. Lakini ndiyo maana pia The Sinking of the Lusitania, iliyotoka 1918, ilimchukua karibu miaka miwili, kazi ya jioni baada ya kazi ya gazeti.

Wewe fuata Cohl. Weka programu yako kwenye fremu 24 na uache kila mchoro ukae fremu tatu. Utapata michoro 8 kwa sekunde, sawa na yeye. Dakika moja itahitaji picha 480, na ukitumia mizunguko (michoro inayorudiwa) na visimamo (mchoro unaokaa muda mrefu) nitakavyoeleza, michoro unayochora kwa mkono itashuka hadi 200 au pungufu. Hiyo ni chini ya nusu rimu.

Jihadhari na jambo moja unapojifunza kwa kuangalia filamu hizi kwenye intaneti. Nakala nyingi huchezwa kwa fremu 24, wakati zilipigwa kwa 16, kwa hiyo zinakimbia mara moja na nusu ya mwendo wake. Ukinakili muda kutoka nakala kama hiyo, kila kitu chako kitakuwa cha haraka mno. Angalia sehemu ya mwanzo ya Gertie yenye watu halisi, iliyoongezwa filamu ilipopelekwa kwenye majumba ya sinema mwishoni mwa 1914. Watu wakitembea kama wanafukuzwa, ujue mjusi naye anafukuzwa.

Kutetemeka

Picha inatetemeka kwa sababu karatasi inahama milimita moja au mbili kila unapoiweka chini ya kamera. Kwenye simu milimita mbili ni nyingi sana. Kukata karatasi vizuri na kuegemeza kona kwenye rula hakutoshi, kwa sababu karatasi za rimu moja hazilingani kingo kikamilifu, na kingo hulegea kwa kushikwashikwa.

McCay aliweka alama za msalaba kwenye kona za kila karatasi, na kabla ya kupiga picha alizilinganisha. Njia hiyo inafanya kazi ila ni ya polepole, na uchovu ukiingia alama zinapotoka. Barré, mchoraji kutoka Montreal aliyefungua studio Bronx na Bill Nolan mwaka 1914, alileta vigingi: karatasi inatobolewa matundu, inavikwa kwenye vigingi vilivyokazwa mezani, na vigingi vile vile vinatumika kuchorea na kupigia picha. Mpaka leo wanaochora uhuishaji kwa karatasi hawajapata njia bora zaidi. Fitzsimmons naye, walipokuwa kwenye Lusitania, alipata wazo kutoka kwenye faili la ofisi la karatasi za kuchomoa, akalibadili liwe kishikio cha michoro.

Fanya kama Fitzsimmons. Panchi ya kawaida ya ofisi hutoboa matundu mawili ya milimita 6, na katikati ya tundu moja hadi katikati ya jingine ni milimita 80. Chukua boksi faili la zamani, ng'oa chuma chake chenye nguzo mbili, kikaze kwa skrubu kwenye ubao bapa wa sentimita 30 kwa 40. Nguzo hizo ni nyembamba kuliko tundu, kwa hiyo karatasi itacheza kidogo. Zoea kuisukuma kila karatasi juu na kushoto mpaka igote, wakati wa kuchora na wakati wa kupiga picha, bila kusahau hata moja. Ukitaka kukaza zaidi, toboa ubao na upandikize vijiti vya mbao vya milimita 6, virefu milimita 8 juu ya ubao, kisha uvipake msasa kidogo kidogo hadi karatasi iingie bila kulazimishwa na isisogee ukiisukuma kwa kidole. Usitumie bolti yenye nyuzi. Nyuzi hula matundu, na baada ya kuvika na kuvua mara tano mtetemo unarudi.

Toboa karatasi tatu au nne kwa mara moja, zaidi ya hapo za chini zinahama ndani ya panchi. Kuna kile kipimo cha pembeni mwa panchi kinachovutwa: kivute mpaka mahali utakapopachagua, kikaze kwa gundi ya karatasi, na kisiguswe tena hadi filamu iishe. Panchi iwe moja. Kama unaishi Pwani, funga karatasi zako kwenye mfuko wa plastiki usiku, kwa sababu karatasi hunywa unyevu na kuvimba. Karatasi iliyochorwa siku ya mvua na nyingine iliyochorwa siku ya jua kali hazilingani hata zikiwa kwenye vigingi vilevile.

Na punguza ukubwa. Michoro ya Gertie ilikuwa ya inchi 6½ kwa 8½, pana kidogo tu kuliko A5. Kata A4 katikati, toboa upande mrefu, vigingi viwe upande wa tumbo lako ili uweze kupekua karatasi kwa vidole na kuona mwendo kabla hujapiga picha. McCay alijitengenezea kifaa cha kuzungusha kwa mkono kilichopekua michoro yake kwa mpangilio, akakagua nayo kila kipande kabla ya kukipeleka studio ya Vitagraph kupigwa picha.

Mandhari

Hapa ndipo wachoraji hawa walipoachana njia, na ndipo pesa ilipokuwa. Ukiangalia Gertie kwa makini utaona miamba na ufuko wa ziwa vinachemka kidogo, mistari haitulii. Siri yake ni kwamba McCay alichora kwenye karatasi nyembamba ya mchele, na Fitzsimmons akanakili mandhari yote upya kwenye kila karatasi, maelfu ya mara. Mkono wa binadamu haurudii mstari ule ule mara mbili. Kwa Gertie mchemko huo unapendeza, maana mandhari ni machache na mnyama mwenyewe anajaza macho. Lakini kwa mtu mmoja mwenye dakika moja ya kutengeneza, hiyo ni adhabu.

Bray, aliyewahi kuchora kwenye gazeti la Brooklyn Daily Eagle, aliangalia tatizo hili kwa macho ya mtu wa kiwanda cha uchapaji. Alichora mandhari mara moja, akayachapa kwenye mamia ya karatasi, kisha mhusika akachorwa juu ya kila moja. Pale ambapo mistari ya mandhari ilipita ndani ya mwili wa mhusika, ilikwanguliwa. Alisajili hataza (haki ya uvumbuzi) yake 1914. Leo ungesema ni fotokopi, na wengi hukimbilia huko. Tatizo ni kwamba mashine ya fotokopi huvuta karatasi kwa kupotoka kidogo kila mara, kwa hiyo mandhari hayakai sawa na matundu. Ukitaka kuitumia, toa nakala kwenye karatasi isiyotobolewa, zikiwa na msalaba kwenye kona mbili. Weka nakala kuu kwenye vigingi juu ya kioo chenye taa, linganisha misalaba, kisha ubandike kwenye ukingo wa nakala kipande cha karatasi ngumu kilichotobolewa tayari. Kwa nakala 20 inafaa. Kwa 200 utakata tamaa.

Earl Hurd, naye mchora vibonzo, aliomba hataza ya njia iliyoshinda zote Desemba 1914: mhusika anachorwa kwenye seluloidi, aina ya plastiki angavu, mandhari ya rangi yanakaa chini, yanachorwa mara moja tu. Aliungana na Bray, na studio zilizotaka kutumia seluloidi zikalipa leseni mpaka hataza zilipoisha 1932. McCay mwenyewe aliihamia kwenye Lusitania, na ndipo michoro 16 ya mawimbi ya bahari aliyoichora Fitzsimmons iliweza kuzungushwa tena na tena pamoja na michoro mingine. Kwako seluloidi ni kava angavu za bainding zinazouzwa kwenye maduka ya vifaa vya ofisi. Chora mstari upande wa mbele kwa kalamu ya wino usiofutika, paka rangi upande wa nyuma. Rangi isiwe na maji mengi, la sivyo itanyauka na kubanduka plastiki ikikunjwa. Plastiki huvuta vumbi kwa umeme wake wa msuguano, kwa hiyo futa kila moja kwa kitambaa laini sekunde chache kabla ya kupiga. Na usizidishe tabaka tatu, kwani kila tabaka hufifisha kilicho chini yake. Kama fremu moja ina tabaka mbili na inayofuata ina tatu, mandhari yatapepesa. Tia plastiki tupu ili idadi iwe sawa muda wote.

Lakini kwa filamu yako ya kwanza mimi ningekushauri njia ya Barré ya kukata karatasi. Haihitaji plastiki, na inamfunza mchoraji kupanga picha. Ifanye hivi. Chora mandhari kwenye karatasi moja iliyotobolewa, nyumba upande wa kushoto, mti upande wa kulia, katikati peupe. Kata dirisha kwenye hicho cheupe, kubwa kiasi cha kumtosha mhusika na mwendo wake wote. Karatasi za mhusika zinavikwa kwanza kwenye vigingi, moja baada ya nyingine, na ile ya mandhari inavikwa juu yake kila mara. Kamera inaona nyumba na mti vilivyotulia kabisa, na mtu akicheza katikati. Kingo za dirisha zimeangukia kwenye weupe, kwa hiyo hazionekani, mradi karatasi ya juu iwe nyembamba, ya gramu 60 au 70, na ikandamizwe kwa kioo. Sharti lake ni moja: mtu wako hawezi kupita mbele ya nyumba. Panga mchezo wako mapema kwa kujua hilo.

Njia hiyo hiyo inamkata mhusika mwenyewe. Mtu amesimama anapunga mkono? Mwili uchore mara moja, mkono peke yake uchorwe upya. Angalia tu mwili usife. Mwili uliotulia tuli kando ya mkono unaochemka huonekana kama picha ya ukutani. Unakili mwili huo mara tatu na uzizungushe nakala, ya kwanza, ya pili, ya tatu, kisha tena. Mstari utapumua wenyewe. Gertie hasimami hata mara moja bila mbavu kupanda na kushuka au uzito kuhama kutoka mguu hadi mguu, na kwa pumzi hiyo McCay alipima muda kwa saa. Mnyama yule anaaminika kwa sababu hiyo kuliko kwa maringo yake yote mengine.

Mwendo, na kwa nini mtu wako anateleza

Karatasi zako 60, nadhani, ulizichora kwa kufuatana: ya kwanza, ya pili, ya tatu, hadi mwisho. Kila moja ilikosea kidogo na makosa yakajumlishana, mpaka mtu wa karatasi ya 60 ni mfupi au mnene kuliko wa kwanza. McCay alichora kwa kugawa. Tuseme mwendo una michoro 17. Unachora wa 1 na wa 17, ambavyo ni mkao wa mwanzo na wa mwisho. Kisha unachora wa 9, katikati yao. Halafu wa 5 na wa 13. Halafu wa 3, 7, 11 na 15. Za shufwa zinamalizia. Kila mchoro mpya unabanwa na miwili iliyokwisha kukubalika, kwa hiyo mtu hawezi kunenepa njiani. Faida ya pili ni ya muda: unajua tangu mwanzo mwendo utaisha mchoro wa ngapi.

Usiigawe kwa nusu sawasawa kila mara. Kitu chenye uzito huanza polepole na huishia polepole. Ukiweka michoro mingi iliyokaribiana karibu na mikao miwili na michache iliyoachana katikati, mtu atakuwa na mwili. Ukiigawa sawa kwa rula atakuwa mshale wa saa.

Sasa miguu. Mtembezi wa kawaida hupiga hatua mbili kwa sekunde. Kwa michoro 8 kwa sekunde, hatua moja ni michoro 4, na mzunguko mzima wa miguu yote miwili ni michoro 8. Mchoro wa 1: miguu imeachana, kisigino cha mbele kimegusa chini. Wa 2: uzito unashukia mguu huo, goti limekunjika, kichwa kiko chini kuliko kote. Wa 3: mguu wa nyuma unapita kando ya uliosimama. Wa 4: mwili umenyanyuka, kichwa kiko juu kuliko kote. Kuanzia wa 5 hadi wa 8 ni yale yale kwa mguu mwingine. Kwa mtu wa sentimita 10, tofauti ya kimo cha kichwa kati ya wa 2 na wa 4 iwe milimita 3 au 4. Ukiikosa, anasukumwa kwa kitoroli. Michoro hiyo 8 ukiirudia mara sita umepata sekunde sita za filamu.

Kuteleza kunatoka kwenye mguu uliokanyaga. Mguu ukiwa chini haupaswi kusogea kwenye ardhi. Kama mtu anasonga mbele kwenye karatasi, weka alama ya penseli mahali kisigino kilipotua na ukirudishe hapo hapo kwenye kila karatasi hadi kitakapoinuka. Kama mtu anabaki katikati ya picha na mandhari ndiyo yanayopita, jambo alilolileta Nolan kwa ukanda mrefu wa karatasi uliovutwa nyuma ya mhusika, basi mguu unarudi nyuma kwa kipimo kile kile cha ukanda. Hatua ikiwa milimita 48 na michoro yake ni 4, mguu unarudi milimita 12 kila mchoro na ukanda unavutwa milimita 12. Vipimo viwekwe kwa rula iliyobandikwa ubaoni, si kwa kukadiria. Na ukanda usogee pale tu mchoro unapobadilika. Watu hufikiri wakiuvuta milimita 4 kila fremu mandhari yatakuwa laini zaidi. Mandhari yanakuwa laini kweli, lakini mguu, unaobadilika kila fremu ya tatu tu, unabaki ukitetemeka juu ya ardhi inayokwenda.

Uchore nini

Ushauri wangu hapa ni wa moja kwa moja: usianze na mtu anayetembea. Anza na kile alichofanya Cohl. Mtu wake wa Fantasmagorie ni mistari michache, na karibu kila kitu ndani ya filamu kinageuka kuwa kitu kingine: chupa inakuwa ua, ua linakuwa shina, shina linakuwa mkonga wa tembo. Kitu kinachogeuka hakina mwendo sahihi ambao mtazamaji anaujua, kwa hiyo makosa yako yanasamehewa, wakati kila mtu anajua mtu anavyotembea na kosa dogo linaonekana. Cohl alichora kwa wino mweusi kwenye karatasi nyeupe, kisha mkanda ukatolewa kinyume, mistari ikawa myeupe kwenye weusi kama chaki ubaoni. Programu ya simu hufanya hivyo kwa kubonyeza mara moja, na vivuli vidogo vya karatasi hupotea ukiongeza tofauti ya weusi na weupe kabla ya kugeuza.

Kama ni lazima uwe na mhusika, mjaze weusi. Mchoraji Otto Messmer alimfanya paka Felix, aliyeanza kuonekana 1919 chini ya jina la studio ya Pat Sullivan, kuwa mweusi tii kwa sababu hizo za kazi: umbo lililojazwa linapunguza mistari ya kunakili, na weusi mzito unasogea vizuri kwenye skrini kuliko mistari mitupu. Manyoya, vifundo vya mavazi na vivuli vya mistari, vitu vinavyopendeza kwenye gazeti, huchemka vibaya vikisogea. Kibonzo chako cha gazeti kina mistari mingapi usoni? Kama ni zaidi ya 10, kipunguze.

Tabia moja ya gazeti usiitupe: puto la maneno. Filamu hizi hazikuwa na sauti, na wachoraji walileta maputo moja kwa moja kutoka kwenye kurasa zao. Puto likitokea mhusika anasimama, mtazamaji anasoma, na mchoraji amepata sekunde tatu kwa nakala tatu za mchoro mmoja. Kipime kwa kusoma maneno kwa sauti mara mbili bila haraka. Herufi ziwe za kimo cha nusu sentimita kwenye karatasi ya A5, wino mzito.

Jambo jingine la gazetini linaloweza kukuponza ni penseli ya buluu. Kamera za kutengenezea bamba za uchapaji hazikuiona, ndiyo maana wachora vibonzo waliipangia mistari yao bila kuifuta. Simu yako inaiona vizuri sana. Futa kila mstari wa penseli baada ya wino kukauka.

Kupiga picha

Simu ikae juu, ikitazama chini kwa mnyoofu, imekazwa kwenye mbao mbili zenye ubao wa kukingama, si kwenye rundo la vitabu. Funga fokasi na mwanga kwa kubonyeza na kushikilia kioo hadi alama ya kufunga itokee. Usipofanya hivyo, simu itapima upya kila picha, na kila mhusika mweusi akisogea karibu picha nzima itang'aa. Piga kwa kitufe cha earphone au kwa kipima muda, usiiguse.

Taa mbili zinazofanana, moja kila upande, kwa pembe ya nyuzi 45. Ukitumia taa moja, kila ukingo uliokatwa utaweka kivuli. Madirisha yazibwe: wingu likipita, filamu inapepesa. Kama umeme wa mtaa wako unashuka saa za jioni, piga picha asubuhi au tumia taa za betri, na kipande kimoja cha mchezo kikamilike kwa kikao kimoja. Kioo cha kukandamizia kiwe cha milimita 3 au 4. Kikikuonyesha simu yenyewe, kata duara la lenzi kwenye kadibodi nyeusi na uiweke kati ya simu na kioo.

Kabla ya yote hayo, andika orodha. Mstari kwa kila fremu: namba ya mchoro, namba ya mandhari, ukanda umefika milimita ngapi. Mizunguko bila orodha itakuchanganya, utapiga mchoro wa 5 mahali pa wa 6 na hutajua kosa liko wapi hadi mwisho. Namba ya mchoro iandikwe kwenye kona, nje ya eneo ambalo kamera inaliona, kwa wino, kabla hujaanza kuchora. Piga picha sekunde mbili za kwanza, zicheze, zikague, ndipo uendelee na zilizobaki.